Keki ya matofaa ya Kijerumani inatoka mbichi chini, wageni wanakuja kesho saa tisa. Naombeni ushauri

MkeWaBaridi
Habari za jioni wanajamvi. Niko Ujerumani ya kaskazini, upande wa Hamburg. Nina shida ambayo kwa wengine ni ndogo lakini mimi imeninyima usingizi wiki nzima. Naoka ile keki yao ya matofaa iliyofunikwa, wanaiita gedeckter Apfelkuchen. Donge chini, matofaa katikati, donge tena juu, ikipoa unapaka sukari ya unga iliyokorogwa na maji ya limau. Juu inatoka safi, imeiva, inapendeza. Chini sasa! Nikikata kipande, kitako kinabaki kwenye chombo, kimelowa, hakishikiki.
Vipimo: unga gramu 300, siagi 200, sukari 100, yai moja, bekingi pauda nusu kipakiti, matofaa kilo moja na ushee, mdalasini. Oveni 180. Resipi ya kawaida tu. Tafadhali msiniambie nikanunue wala nipike kitu kingine. Lazima iwe hii, na lazima niioke mwenyewe. Nawasilisha.

Kiporo
Ngoja wataalamu waje. Mimi nimeshakaa na sahani.

MzeeWaBusati
Binti, wageni ni Wajerumani? Kama ndio, unajitafutia aibu bure. Hiyo keki wameila tangu hawajaota meno, kila mtu ana ya bibi yake kichwani. Wapikie pilau. Pilau hawana cha kulinganisha nayo, hata ikishika chini ya sufuria watasema ndivyo inavyopikwa kwenu.

MkeWaBaridi
Mzee wangu shikamoo. Nimesema isiwe kitu kingine jamani.

DadaWaForodhani
Oveni za feni sizijui, ila mkate wa kumimina naujua, na mkate wa kumimina ukitoka mbichi chini kosa ni moto, si unga. Bibi yangu alikuwa anapalia makaa juu ya kifuniko, chini anaacha machache, halafu anakaa palepale na kipepeo, haendi popote, hata mgeni akipiga hodi anajibiwa kutoka jikoni. Siku ya harusi ya mjomba walimwachia binti mmoja aangalie mikate, binti akaenda kuchungulia bwana harusi. Mikate ilitoka juu mkaa, chini uji. Mpaka leo yule binti, sasa hivi ana wajukuu, akipita mtaani anaitwa Juu Mkaa. Kwa hiyo dada angalia moto wako.

FundiOveni
Dada, mimi nasomea uokaji hukuhuku, mwaka wa mwisho. Vipimo vyako havina tatizo: sehemu moja sukari, mbili siagi, tatu unga, ndivyo tunavyofundishwa. Bekingi pauda pia sawa, kipakiti kimoja kimepimwa kwa nusu kilo ya unga tangu Oetker, yule mfamasia wa Bielefeld, alipoanza kuviuza karne ya 19. Nieleze vitu vingine. Matofaa ni aina gani? Oveni unawasha feni au moto wa juu na chini? Kati ya kitako na matofaa umeweka nini? Na kwa nini lazima iwe hii? Zipo za kumimina rojo na kuzamisha matofaa juu yake, hizo hazina shida ya kitako kabisa.

MkeWaBaridi
Asante sana kaka. Matofaa ni Boskoop, nimeyachukua asubuhi kwenye meza ya mkulima kando ya barabara. Feni nawasha, ndiyo inayowahi. Kati sijaweka kitu. Kuna mahali imeandikwa ninyunyize chenga za mkate mkavu vijiko vitatu, nikaziacha. Chenga za mkate ni za kuviringishia nyama ya kukaanga, mtu unaziwekaje kwenye keki ya wageni? Hilo la kwa nini lazima iwe hii ni mambo ya familia tu.

BintiUsambara
Imeandikwa wapi? Si ulisema resipi ya kawaida?

MkeWaBaridi
Kwenye daftari.

BintiUsambara
La nani?

Kiporo
Sahani nimeiweka chini kwanza.

MkeWaBaridi
Sawa, naeleza, ila msinishambulie. Nimeolewa na mjane. Mke wake wa kwanza alifariki kabla sijafahamiana naye. Wana watoto wawili, wakubwa, wanasoma miji ya mbali. Kesho ingekuwa siku ya kuzaliwa ya mama yao, na kila mwaka siku hiyo wanarudi nyumbani, wanakunywa kahawa saa tisa, wanaongea, wanaondoka. Mume wangu aliwahi kunidokeza kwamba zamani siku hiyo nyumba ilinukia mdalasini. Tangu afariki hakuna aliyeioka tena. Daftari lake liko kabatini nyuma ya mizani. Nimelifungua mwenyewe. Mume hajui, yuko zamu ya jioni.
Na kabla hamjasema, donge liko kwenye friji tayari, limefungwa, na matofaa yameshamenywa. Kwa hiyo swali langu ni kitako. Sikuuliza kama nioke.

MzeeWaBusati
Sasa ndio tunaongea. Binti, nani amekutuma?

MkeWaBaridi
Hakuna aliyenituma. Lakini nikikaa kimya kila mwaka, nikiwaandalia kahawa na biskuti za dukani, wananiona mpangaji. Nataka waone kwamba sikuja kufuta kitu. Hiyo ni dhambi?

MamaUpendo
Mwanangu, mimi ni mama mtu mzima na nimelea wa kwangu na wasio wangu, kwa hiyo pokea. Vya marehemu haviguswi bila kuuliza wenyewe. Si uchawi, ni adabu. Wale watoto watatia kipande mdomoni, kitawapeleka kwa mama yao, wakiinua macho wanakuona wewe. Unajua watakachohisi? Hujui, na mimi sijui, ndiyo maana mtu anauliza kwanza. Mpigie mume wako simu sasa hivi. Halafu piga magoti uombe. Donge litasubiri.

DadaWaForodhani
Mama Upendo nakuunga mkono kwenye simu. Kwetu hata kanga ya marehemu haifunguliwi mpaka watu wakae.

MzeeWaBusati
Mimi nimelelewa na mama wa kambo. Mama yangu alikuwa na mkono wake kwenye maharage ya nazi, hakuna wa kumfikia. Yule mama alipoingia hakuyapika maharage ya nazi hata siku moja. Alipika ndizi, alipika mchicha, alipika maharage bila nazi. Sisi tukadhani ni jeuri. Nimekuwa mtu mzima ndipo shangazi akaniambia yule mama alikuwa anayajua sana, kwao anayapika, ila alisema kile chungu si chake. Naye tulimpenda. Tulimzika kwa heshima zote. Kwa hiyo binti, kuacha nako ni kupika. Nimemaliza.

FundiOveni
Mzee umeongea. Lakini mimi naona dada atabaki na matofaa kilo moja na ushee yanabadilika rangi, kwa hiyo najibu nilichoulizwa.
Boskoop ni chaguo sahihi, ina uchachu na harufu haipotei ikiiva. Ila inatoa maji mengi na inalainika upesi. Ukiiweka mbichi ikiwa imefunikwa juu, maji hayana pa kwenda, yanashuka chini. Fanya hivi. Kata vipande, bandika kwenye sufuria na sukari kidogo, limau na mdalasini, dakika chache tu mpaka yaanze kutoa maji, kisha chuja na uyaache yapoe kabisa. Kabisa! Ukiweka ya moto juu ya donge lenye siagi yote hiyo, siagi inayeyuka kabla ya kuingia oveni. Kitako kitoboe kwa uma, kioke peke yake dakika 12 hadi 15. Halafu hizo chenga ulizozidharau ndizo kazi yake, zinanyonya maji. Hazionekani wala hazina ladha ya kukusumbua. Wengine wanaweka lozi zilizosagwa, kazi ni ileile. Zima feni, tumia moto wa juu na chini 180, weka chombo kichanja cha chini. Feni inakausha juu haraka, unadhani imeiva kumbe chini bado. Ile pete ya pembeni ya chombo usiifungue mpaka keki ipoe.
Aliyeandika lile daftari alijua anachofanya.

AfandeMpelelezi
Samahani, nimesoma uzi wote na mikono kifuani. Hii ni chai. Tuanze taratibu. Kwanza resipi ya kawaida tu, baadaye daftari la marehemu nyuma ya mizani. Pili, mume kwa bahati nzuri yuko zamu usiku huuhuu tunaohitaji asiwepo. Tatu, hapo ndipo nilipocheka, meza ya mkulima barabarani. Nimemuuliza jamaa yangu alishawahi kusoma huko, anasema hizo meza hazina muuzaji, unachukua mzigo unaacha hela kwenye kikopo. Matofaa peke yake barabarani na kikopo cha hela pembeni? Mpaka jioni? Hata kikopo kisingebaki. Kesho tutaambiwa marehemu amegonga mlango ameomba kipande. Picha ya daftari au tufunge uzi.

Kiporo
Chai ipo, keki iko njiani, mimi nataka nini tena.

FundiOveni
Afande, meza hizo zipo na kikopo kipo. Dada amesema upande wa Hamburg, pale pembeni kuna Altes Land, ukanda mzima wa mashamba ya matunda kando ya mto Elbe, mwezi huu wa kumi kila nyumba ina meza mlangoni. Mimi mwenyewe mara ya kwanza nilisimama pale nikitafuta wa kumpa hela, nikaishia kuwaamkia watu waliokuwa wanapita tu. La daftari sina ushahidi. La meza nasimama nalo.

AfandeMpelelezi
Basi meza nimeiachia. Daftari?

MkeWaBaridi
Picha ya mwandiko wa marehemu siweki mtandaoni ili wewe ufurahi. Ukitaka iwe chai iwe chai, kunywa. Ila nikwambie kilichomo ndani, ambacho mtu hatungi. Kurasa zina madoa ya siagi. Vipimo vingine havipo, ameandika "kama kawaida". Kwenye keki hii kuna mstari wa zabibu kavu, gramu 50, umekatwa kwa kalamu mara mbili, tena kwa nguvu. Mimi nimenunua zabibu, naziweka, maana bila zabibu naiona kavu. Kaka Fundi asante, chenga nitaweka.

BintiUsambara
Subiri hapo hapo dada. Mstari umekatwa na wewe unaweka?

MkeWaBaridi
Ni zabibu tu jamani. Angalau kitu kimoja kiwe changu.

BintiUsambara
Sawa, kiwe chako, lakini si hicho. Mtu hakati mstari wa resipi yake kwa nguvu hivyo bila sababu. Kuna mtu pale mezani hazipendi, na mtu huyo kesho anakuja. Wewe umejali kuiga kila kitu, sehemu pekee aliyowaandikia watoto wake ndiyo unairuka. Zabibu usiweke kabla hujamuuliza mume. Na ukimuuliza zabibu, utakuwa umeshamwambia la daftari, mambo mawili kwa simu moja.
Halafu nje ya mada, huku Lushoto matofaa yapo, na zamani mji wetu Wajerumani waliuita Wilhelmstal, lakini sijaona mtu anaoka keki hiyo. Tunakula mabichi na chumvi.

AfandeMpelelezi
Chumvi kwenye tofaa? Uzi huu kila mtu ana chai yake.

MamaUpendo
Afande, tofaa na chumvi ni kweli, na embe je? Dada, umepiga simu?

MkeWaBaridi
Nimempigia wakati wa mapumziko yake. Nilianza na zabibu, nikajikuta nimesema yote. Alikaa kimya mpaka nikadhani mtandao umekata. Akaniuliza daftari liko wapi sasa, nikamwambia mezani. Akasema mkubwa anazipenda, mdogo alikuwa anazitoa moja moja na kuzipanga kwenye ukingo wa sahani, mama yake akachoka, akakata. Basi. Hakusema oka, hakusema usioke. Amesema anatoka saa nne na nusu, tutaongea.

MzeeWaBusati
Hakusema usioke.

MamaUpendo
Hakusema oka pia, mzee. Msubiri afike, mwanangu. Usiwashe oveni kabla hajafika.

FundiOveni
Matofaa yasubiri kwa limau, donge linakaa friji hadi kesho bila neno. Ukitaka kuoka asubuhi, saa tatu si kuchelewa, ila ianze kupoa mapema kabla ya kupaka sukari. Kama una kirimu, mimi siiwekei sukari nyingi, keki yenyewe ina ya kutosha.

MkeWaBaridi
Kirimu ninayo. Zabibu siweki. Mengine nikishaongea naye.

Kiporo
Hizo zabibu gramu 50 zinabaki kwa nani? Nauliza kwa ajili ya rafiki.