Mjadala: Nyumba Kumi iingie vipi kwenye nyumba za bei nafuu?

Ndugu zangu, hoja ninayoileta ni hii: serikali ya Kenya ikiwatoa watu mabandani na kuwapa nyumba za bei nafuu, je, mfumo wa Nyumba Kumi, ule wa majirani wa nyumba kumi hivi kuwa na mzee wao na kulindana, uwafuate huko ghorofani? Na ukiwafuata, nani aushike? Wapo wanaotaka kila mkaazi aandikishwe kwa chifu kabla ya kupewa funguo. Wapo wanaosema Nyumba Kumi ni ujasusi wa mtaani, ifutwe kabisa. Mimi naona pande zote mbili zimeruka hatua ya kwanza. Usalama wa majirani unaamuliwa siku ya kugawa nyumba, na hapo ndipo tunapokosea.

Tukumbuke tulikotoka. Nyumba Kumi ilitangazwa na Rais Uhuru Kenyatta Oktoba 2013, wiki chache baada ya shambulio la kigaidi kwenye jengo la maduka la Westgate, Nairobi, lililoua watu 67, na Joseph Kaguthi akapewa kuisimamia. Wazo lenyewe tuliliazima Tanzania, ambako chama tawala cha TANU kiliweka mabalozi wa nyumba kumi tangu miaka ya 1960. Balozi yule alikuwa mtu wa chama, lakini ndiye pia aliyeitwa kwenye ugomvi wa mume na mke au mtu akifiwa. Sisi tulianza na hofu ya magaidi, tukamkabidhi chifu. Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi ya 2011 ilikuwa tayari inatambua polisi jamii na kamati zake. Nyumba Kumi ikaja juu yake kwa tangazo, na mpaka leo wananchi wengi hawajui kamati ile inaishia wapi na mzee wa Nyumba Kumi anaanzia wapi.

Sasa tazameni ploti ya kawaida kwenye mitaa ya mabanda ya Nairobi kama Mukuru au Mathare. Vyumba vya mabati vimetazamana, katikati kuna ujia mwembamba wenye mtaro, mfereji mmoja wa maji, na kamba za nguo zilizokatiza kutoka mlango huu hadi ule. Mgeni hapiti bila kuinama chini ya nguo za mtu. Mama anayekaanga mandazi mlangoni kabla hakujapambazuka anajua ni kijana gani amerudi saa kumi usiku na begi ambalo hakuondoka nalo. Ulinzi huo haukuletwa na waraka wowote wa serikali. Ubaya wake pia upo: unasengenya, unachungulia, na ghasia za baada ya uchaguzi wa 2007 zilituonyesha kwamba jirani anayekujua ndiye pia anayejua kabila lako na mlango wako. Sitaupamba.

Watu hao ndio wanaohamia ghorofani. Mei 2025 Rais Ruto alikabidhi nyumba 1,080 pale Mukuru. Asiyewahi kupanga foleni ya choo cha kulipia usiku asimcheke anayeshangilia choo cha ndani. Na pesa ni zetu: asilimia 1.5 ya mshahara wa mfanyakazi, na mwajiri anaongeza kiasi hicho hicho, chini ya Sheria ya Nyumba za Bei Nafuu ya 2024 iliyotungwa baada ya Mahakama Kuu kubatilisha tozo ya awali Novemba 2023. Lakini maombi ni ya mtu mmoja mmoja kupitia Boma Yangu, mtandao wa serikali wa kuomba nyumba hizi. Waliokuwa wakichota maji kwenye mfereji mmoja wanaweza kuangukia majengo tofauti kabisa. Kisha chifu aje na daftari lake kutafuta mwenyekiti wa Nyumba Kumi. Atampata nani? Atampata mwenye muda, au anayetaka kujuana na wakubwa.

Soweto East kule Kibera imetufunza mengi kuhusu hili. Wakaazi walihamishiwa Lang'ata mwaka 2009 kupisha ujenzi, na nyumba 822 zikakabidhiwa 2016. Ni miaka saba. Tangu hapo wako waliozipangisha kwa watu wengine na kurudi mabandani, kwa sababu kodi ya ghorofa ni pesa wanayoihitaji kuliko ghorofa lenyewe. Jengo ambalo nusu ya waliomo ni wapitaji litamchagua mzee gani?

Dada mmoja wa Eastlands, mashariki mwa Nairobi, ameipinga Nyumba Kumi kwa uchungu. Anasema kwao mzee aliaminika kuwa ndiye anayepeleka majina ya vijana kituoni, na baadhi ya vijana wale leo hawapo. Kwake, heri milango ifungwe. Dada yangu, siwezi kukubishia. Mauaji ya vijana mikononi mwa polisi Mathare, Dandora na Kayole yameandikwa na mashirika ya haki kwa miaka mingi. Wala mzee mwenyewe hayuko salama: akipeleka habari za genge, jina lake likivuja kituoni, ni yeye atakayewindwa. Ndiyo maana nasema mzee asiwe na orodha ya watu kabisa. Kifungu cha 31 cha Katiba kinalinda faragha yetu, na kuishi katika nyumba ya serikali hakukifuti. Kazi yake iwe taa za ngazi zilizozimika, geti, mtoto aliyepotea, mama anayepigwa usiku. Achaguliwe kwa kura na wakaazi wa ghorofa lake, na wao wenyewe waweze kumwondoa. Mwenye taarifa ya uhalifu aipeleke mwenyewe kwa polisi, bila kupitia mkononi mwa jirani.

Na kabla ya hayo yote, kaya zinazotoka mabandani ziruhusiwe kuomba kwa vikundi. Kaya nane au kumi za ploti moja, au chama kimoja cha akiba, zipewe milango inayofuatana. Mnaohofia kwamba makabila yatajitenga, hofu yenu ina msingi. Lakini ploti nyingi za Nairobi tayari zimechanganyika, kwa hivyo kikundi kiwe cha ploti, kisiwe cha ukoo. Tena si jambo geni: kule Kambi Moto, Huruma, wakaazi waliokuwa wakiweka akiba pamoja kupitia Muungano wa Wanavijiji, shirikisho la wakaazi wa mabanda, walijenga nyumba zao papo hapo walipokuwa wakiishi, wakabaki majirani wale wale. Ni mradi mdogo ukilinganisha na Mukuru, lakini ulianza na watu wanaojuana.

Sasa nawaachia uwanja. Mlio kwenye nyumba mpya za Soweto East, Pangani, Park Road au Mukuru, tuambieni: mzee wenu alichaguliwa na nani, na mlimjua kabla ya kupewa funguo?