Mtoto akiigiza filamu, fedha ni ya nani? Wadau wa Kigoma tujadili

Mleta mada, Mwanga
Wadau, salaam. Watayarishaji wakija kurekodi Ujiji au Kibirizi huhitaji watoto, na siku ya malipo bahasha hukabidhiwa mzazi. Je, ile fedha ni ya nani?

Naanza na Jackie Coogan, Mmarekani aliyezaliwa 1914. Aliigiza na Charlie Chaplin katika *The Kid* ya 1921, akajulikana dunia nzima. Mapato yake ya utotoni yanakadiriwa kuwa dola milioni 3 hadi 4. Baba yake alifariki kwa ajali ya gari mwaka 1935, mali ikabaki kwa mama na baba wa kambo. Alipoidai akajibiwa kuwa hana chake, maana sheria ya California wakati huo ilimpa mzazi kipato cha mtoto. Akashtaki 1938, akaambulia dola 126,000 hivi. Mwaka uliofuata California ikatunga sheria inayoitwa kwa jina lake. Leo inataka asilimia 15 iwekwe akiba mpaka mtoto atimize miaka 18. Nasi tuige.

Mzazi, Ujiji
Ndugu mleta mada, dola milioni na bahasha ya shilingi 50,000 ni vitu viwili. Asilimia 15 ya hiyo ni 7,500. Makato ya benki yataila kabla mtoto hajamaliza darasa la saba. Halafu mama anayeacha meza yake ya samaki wa mgebuka siku tatu kumsindikiza mtoto, mtaji wake nani anaurudisha? Mtoto huyo anakula na kuvaa kwa jasho la nyumba hiyohiyo. Si haki kumwita mzazi mwizi kwa sababu amenunua sare na unga.

Mhasibu, Gungu
Dada yangu wa Ujiji, hoja yako ina uzito, na dawa yake ni kutenganisha mafungu. Posho ya msindikizaji iandikwe peke yake, tena ilipwe kila siku. Malipo ya mtoto yasiguswe kwa ajili hiyo.

Asilimia kwenye fedha ndogo husumbua, hapo nakubali. Hesabu nyepesi ni ya siku: katika kila siku tano za kurekodi, malipo yote ya siku moja yaende benki.

Lakini tusidhani akaunti yenyewe ni kinga. Sheria ile ya 1939 ilikuwa na tundu: ililinda mikataba iliyopelekwa mahakamani kuidhinishwa, na mingi haikupelekwa. Tundu hilo lilizibwa mwaka 2000, mwajiri akalazimishwa kuweka fedha mwenyewe. Kwetu, akaunti ya mtoto hubeba jina la mtoto huku mtia saini akiwa mzazi, kwa hiyo inaweza kukombwa siku yoyote. Ulizeni benki kama inakubali watia saini wawili. Mtayarishaji aweke fedha mwenyewe, na stakabadhi ibanwe kwenye mkataba. Cheti cha kuzaliwa kitafutwe mapema, maana bila hicho mambo hukwamia dirishani.

Kosa jingine: aliye chini ya miaka 18 hana uwezo wa kisheria kuingia mkataba, hivyo mzazi husaini. Sawa, asaini kama mlezi. Jina la mtoto likikosekana kwenye mkataba, kesho hana cha kudai.

Mtayarishaji, Katubuka
Wakuu, saa nazo ni mali ya mtoto. Sheria ya Mtoto ya 2009 inakataza kumfanyisha kazi kati ya saa 2 usiku na saa 12 asubuhi. Sasa kila anayekuja huku anataka picha ya uvuvi wa dagaa kwa taa, na dagaa ni wa usiku! Kigoma jua huzama karibu saa 1 jioni, nusu saa baadaye giza limeshaingia. Hiyo nusu saa iliyobaki inatosha kumpiga mtoto picha za karibu, mtumbwi ukiwa umefungwa ufukweni na taa zimewashwa. Picha za mbali mvalisheni mtu mzima mfupi shati lile lile. Kinachoharibu ni kuanza kutundika taa saa 1: mtoto anasinzia, maneno yanampotea, mnarudia mpaka usiku wa manane.

Mwalimu, Mwanga
Mnajadili malipo kana kwamba ruhusa ipo. Umri wa chini wa ajira Tanzania ni miaka 14, tena kwa kazi nyepesi isiyovuruga shule. Huyu wa miaka 8 anaigiza kwa sheria ipi? Mkataba Na. 138 wa Shirika la Kazi Duniani, tulioridhia 1998, unaruhusu sanaa kwa kibali cha mtoto mmoja mmoja, chenye saa na masharti. Kibali hicho ndicho cha kudai kwanza, na afisa ustawi wa jamii awepo kukisimamia. California mtoto wa miaka 6 hadi 8, siku ya shule, hufanya kazi saa 4, husoma saa 3, hupumzika saa 1. Huku ratiba ya kurekodi haina hata kipindi kimoja cha hisabati.

Mzazi, Ujiji
Mwalimu, kibali nakiunga mkono. Saini mbili pia, mradi ya pili iwe ya ndugu wa ukoo anayemjua mtoto. Na posho ya msindikizaji iandikwe mstari wa kwanza.