Mjukuu wa Leicester kanuna kwa kuitwa "mume wangu"

Shangazi wa Buguruni:
Wadau, nisaidieni. Mtoto wa kaka yangu, kazaliwa Leicester, Uingereza, ana miaka 16, wiki iliyopita kaja Dar kwa mara ya kwanza. Mama yangu haoni vizuri siku hizi. Kampapasa uso toka kwenye paji mpaka kidevuni, kisha akasema, "Mume wangu, umenitelekeza miaka yote hii, hata matumizi huleti!" Sebule nzima tukaangua kicheko. Kijana akauliza kulikoni, binti yangu akamtafsiria neno kwa neno. Ikawa balaa. Kajifungia chumbani, anaona bibi akili zimemruka. (Mimi mwenyewe ananiita jina langu kavu, kama kondakta anavyoita vituo, hilo nimelimeza.) Mama kaagiza akaangiwe visheti, vimefunikwa kwa kawa toka jana, hakuna aliyegusa. Nimwelezeje utani? Ukishauelezea unachacha.

Mzee wa Kigogo:
Usieleze. Mfundishe jibu moja tu: "Matumizi nimeleta, ila meno ya kulia nyama huna." Bibi akisikia hivyo, ndoa imepona.

Nilirudi:
Mimi nililetwa toka Toronto nina miaka 12. Kilichoniuma hakikuwa maneno ya bibi, ni kile kicheko. Lugha huijui, kila kicheko unakihesabu chako. Binti yako akakae naye, amwambie yeye bibi anamwita nani.

Shangazi wa Buguruni:
Mke mwenza! Kila siku wanamgombania marehemu baba. Wala sikulifikiria hilo.

Mwananyamala B:
Utani kando, makaratasi je? Kama kaka yako alikuwa bado raia wa Tanzania mtoto alipozaliwa, kijana ni raia kwa kurithi. Lakini uraia pacha kwa mtu mzima hatuna, akishatimiza 18 inabidi achague. Mwaka 2025 Bunge lilipitisha hadhi maalum kwa diaspora, ila hiyo siyo uraia. Ulizieni Uhamiaji mapema, miaka miwili siyo mingi.

Shangazi wa Buguruni:
Ahsante, maana Mama ameshasema minazi ya Kisarawe ni ya "mume wake", nami nikadhani hapo pia anatania.

Mrejesho: jana usiku katoka, kafunua kawa, kala visheti vitatu, kisha akatamka kwa sauti, "Mke wangu, meno huna!" Kaniambia mimi. Mama kacheka mpaka tukamletea maji. Sasa nina kazi ya kumweleza kwamba shangazi hataniwi.