Naomba ushauri: wimbo wa kumpokea maiti kutoka kaburini

Habari zenu wakubwa kwa wadogo. Niko Sinza, Dar, naandika mchezo wa jukwaani kuhusu dunia ambayo muda unarudi nyuma: mtu huanzia kaburini, huishia tumboni mwa mama. Nimekwama kwenye wimbo wa sherehe, pale ukoo unapofukua mchanga kwa mikono kumpokea babu, machozi yakipanda kutoka mashavuni kurudi machoni.

Nimetunga kwa mizani (silabi) 16 kila mshororo, nane kwa nane, nikaanza na kibwagizo, yaani mstari wa kuitikia, na kumalizia na salamu. Kwenye mazoezi jana waitikiaji hawakujua waingie wapi, ngoma ikafa. Nikajaribu kugeuza silabi. “Zika” ikawa “kazi”, nikafurahi mwenyewe. Lakini “babu” ikawa “buba”, ugonjwa wa ngozi, na ndiye mgeni rasmi! Kundi zima likacheka.

Sasa wajuzi wa ushairi na ngoma, naomba mnisaidie: vina, yaani silabi zinazofanana mwishoni, nivihamishie mwanzoni mwa mishororo, au sikio la Mswahili litavipoteza? Na kibwagizo kikitangulia, waitikiaji nitawaingizaje bila kiongozi kuwaashiria kwa mkono?

Natanguliza shukrani.