Darasa la mapishi ya Kikhmer Siem Reap: nani amewahi kwenda?

MwanaWete (Muscat)

Asalaam alaykum, na habari zenu nyote. Mimi na dada yangu tunakwenda Kambodia mwezi wa Januari tukitokea Bangkok. Mahekalu ya Angkor tutayaona, lakini kilichonivuta hasa ni chakula. Naona Siem Reap, mji ulio karibu na mahekalu hayo, kuna madarasa mengi ya kupika, ya nusu siku na ya siku nzima, na picha zao zote ni zile zile: wageni wamevaa aproni, wanacheka, meza imejaa sahani. Mimi napika kila siku nyumbani. Sitaki kutoa pesa yangu nikae kitako nimtazame mtu akipika.

Nauliza haya: kweli mtu anashika kisu mwenyewe? Sisi hatuli nguruwe, je, tutapata tabu? Na nikirudi Muscat, au nikienda Wete kwa mama, nitaweza kukipika chakula hicho kwa vitu vinavyopatikana? Aliyewahi kufika anieleze kwa kina, nitashukuru sana.

Bi Raskazone (Tanga)

Waalaykum salaam mwanangu. Mimi napikia shughuli hapa Tanga, harusi na hitima, na nilikwenda Siem Reap pamoja na binti yangu. Nitakujibu ya jikoni, ya safari wataeleza wengine.

Kabla hujalipa, uliza hivi: kinu ni cha kila mwanafunzi, au kipo kimoja tu cha mwalimu? Jibu la hapo litakwambia kila kitu. Chakula cha Kikhmer, yaani cha wenyeji wa Kambodia, kimesimama juu ya kroeung, yaani viungo vibichi vilivyotwangwa pamoja mpaka vikawa rojo zito. Ukifika ukakuta bakuli limeshajazwa na kufunikwa nailoni, kazi iliyobaki ni kukoroga, na kukoroga unakujua tangu kwenu.

Kroeung ya manjano, ambayo ndiyo ya amok, yaani samaki wa tui anayepikwa kwa mvuke ndani ya jani la mgomba, tuliifanya hivi. Mchaichai unachukua sehemu ile nyeupe ya chini tu, unaukata kwa mkingamo vipande vyembamba sana. Mwalimu alikuwa anapita kila kibao akivipapasa kwa kidole. Vilivyo vinene vinarudi kwenye kisu, maana nyuzi ndefu za mchaichai hazisagiki hata ukitwanga mpaka magharibi. Mchaichai ndio unatangulia kinuni pamoja na chumvi kidogo, chumvi inasaidia kusugua. Inafuata khulinjani mbichi, ule mzizi unaofanana na tangawizi, halafu ganda la ile ndimu yao yenye ngozi ya makunyanzi pamoja na majani yake yaliyotolewa mshipa wa kati, halafu manjano mabichi. Vitunguu saumu na vile vitunguu vidogo vyekundu vinaingia mwisho kabisa. Vina maji, vikitangulia kila kitu kinateleza, kinakurukia usoni, na mchi haushiki.

Mkono unauma, nakwambia mapema. Lakini simama hapo hapo unuse: kwanza unasikia mchaichai peke yake, halafu khulinjani inapanda na ukali wake, na manjano yakishaingia vyote vinashikana, hutambui tena kipi ni kipi. Mwalimu anachota kidogo, anasugua kati ya dole gumba na kidole cha shahada. Akihisi uzi, unaendelea kutwanga. Hicho hakimo kwenye karatasi ya mapishi watakayokupa mwisho wa darasa, na ndicho nilichokilipia.

Chagua pia darasa linaloanzia sokoni. Sisi tulipelekwa Phsar Leu, soko kubwa la wenyeji lililoko kwenye barabara namba 6, si lile la zamani la katikati ya mji ambalo nusu yake ni mashati ya watalii. Wauzaji wanakaa juu ya meza, katikati ya bidhaa zao. Kambare wako hai kwenye makarai. Kroeung iliyosagwa tayari imelundikwa kwenye mabeseni, ya manjano, ya kijani na nyekundu, na akina mama wa pale wananunua kwa kupimiwa kwenye mifuko, kwa hiyo usidhani kila nyumba inatwanga kila siku.

Utaiona prahok vilevile. Ni samaki waliopondwa, wakatiwa chumvi na kuvundikwa wiki kadhaa au miezi. Harufu yake ni kali, siwezi kukuficha. Usikatae kuionja kwa sababu hiyo. Ndiyo inayoupa mchuzi wao uzito, na inatoka kwenye ziwa la Tonle Sap, ambalo msimu wa mvua mto wake hugeuka na kurudi nyuma, maji ya mto Mekong yanaingia na ziwa linatanuka mara nyingi zaidi ya ukubwa wake wa kiangazi. Maji yakipungua, samaki wadogo wanatoka kwa wingi na watu wa kandokando wanatengeneza prahok ya mwaka mzima. Ninyi mnaokwenda Januari mtaukuta msimu wenyewe.

Amok sasa. Kroeung inachanganywa na tui zito, yai, mchuzi wa samaki na sukari ya mvumo, halafu vipande vya samaki. Unakata miduara ya jani la mgomba, unaipitisha kwenye moto mpaka jani linabadilika rangi na kulainika, unapanga mawili pamoja, unakunja pembe nne na kuzibana kwa vijiti vya meno. Kikombe hicho. Chini unatandika majani ya nhor, mboga yao ya majani yenye uchungu kidogo, unamimina, unaweka kwenye mvuke. Ikiiva hutikisika kama faluda inayoanza kuganda, na juu yake unamwagia kijiko cha tui zito na nyuzi za lile jani la ndimu. Siem Reap migahawa mingi inakuletea mchuzi wa nazi ndani ya jani na kuuita amok. Ni mtamu, lakini haukupikwa kwa mvuke na haukushikana. Darasani sema waziwazi kwamba unataka ya mvuke.

Kuhusu nguruwe: yumo kwenye vyakula vyao vingi, hasa sambusa zao ndefu za kukaanga na supu. Andika mapema, useme hamli nguruwe na kwamba mnataka kibao, kisu na karai visivyokatiwa wala kupikiwa nyama hiyo. Mimi niliandika hivyo, wakatupa meza ya walaji mboga. Lok lak, nyama yao ya ng'ombe ya kukaanga, sikuila kwa kuwa sikujua ng'ombe kachinjwa na nani, nikapika samaki na mboga, na sikukosa kitu. Mkitaka nyama, Siem Reap kuna msikiti na karibu yake migahawa ya Waislamu wa Kicham. Ulizieni saraman, mchuzi wa nyama wa Wacham wenye nazi, karanga, mdalasini na hiliki. Mpemba atakula na kuomba nyongeza.

La mwisho. Mwalimu wetu alikuwa mama wa makamo. Enzi za utawala wa Khmer Rouge, wakomunisti walioishika Kambodia 1975 hadi 1979, watu walikatazwa kupika majumbani, wakawa wanalishwa uji mwepesi wa mchele kwenye mabwalo ya pamoja. Wanakadiriwa kufa watu kama milioni 1.7 kwa njaa, maradhi na kuuawa. Wapishi waliokuwa wanajua kwa kichwa na mkono tu walikwenda na ujuzi wao. Ukimpata mwalimu wa umri huo, weka simu chini, msikilize.

Msafiri_Thika

Shikamoo Bi Raskazone, umeeleza vizuri kuliko kitabu cha wasafiri. Nimeishi Phnom Penh kikazi, naongezea ya njiani.

Uwanja wa ndege wa Siem Reap si ule wa zamani. Tangu Oktoba 2023 ndege zinatua uwanja mpya ulio mbali na mji, hesabu kama saa nzima barabarani. Kwa hivyo msipange darasa la asubuhi siku ile ile mnayotua. Bebeni dola ndogondogo, za moja na za tano, safi zisizochanika, kwani noti iliyopasuka kidogo tu wanaikataa. Chenji mtarudishiwa kwa riel, kama 4,000 kwa dola moja. Darasa la nusu siku mimi nililipa dola 25, pamoja na kuchukuliwa hotelini kwa remork, ile pikipiki inayovuta kibanda cha abiria.

Kama mmepita Kenya au nchi nyingine yenye homa ya manjano kabla ya kufika, kuweni na cheti cha chanjo.

Na kabla ya darasa nendeni Bayon, moja ya mahekalu ya Angkor. Kila mtu hukimbilia zile nyuso kubwa za juu, lakini kuta za nje za chini zina michongo ya maisha ya kawaida ya miaka 800 hivi iliyopita: wanawake sokoni, samaki majini, watu wanapika kwenye vyungu na kuchoma nyama kwenye mishikaki. Mimi nilipita hapo baada ya darasa na nilitamani ningepita kwanza.

Kwa jambo moja natofautiana na Bi. Yeye anaonekana kupenda vyakula vichache. Mimi nilichukua la siku nzima, vyakula vitano, na sikujuta. Ukishafika huko mbali, pika vingi.

Bi Raskazone (Tanga)

Marahaba mwanangu. Vitano kwa siku moja vinawezekana pale tu ambapo viungo vimeshatayarishwa na watu wengine, na hapo ndipo ninapokataa. Anayejua kupika tayari kama MwanaWete anahitaji viwili, akivipika tangu kwenye kinu. Cha kwanza amok. Cha pili ningemwambia samlor korko, na hiki wageni wengi hawakichagui kwa sababu hakipendezi kwenye picha. Ni mchuzi wa mboga: papai bichi, ndizi mbichi, boga, bilinganya, majani mengi, samaki ndani yake, kroeung na prahok. Unaukoroga muda wote. Kinachouzitisha ni mchele uliokaangwa mkavu mpaka ukawa na rangi ya kahawia, kisha ukatwangwa unga. Mimi nimepika mchele maisha yangu yote na sikuwahi kuutumia hivyo. Sasa nautia hata kwenye mchuzi wa samaki wa kwetu, na wateja wanauliza nimeweka nini.

MwanaWete (Muscat)

Nashukuru nyote, nimeandika yote. Maswali machache tu Bi. Muscat nina blenda, kinu sina, je, nitaharibu? Na tui la kopo linafaa? Majani ya nhor na ile ndimu ya makunyanzi nitayapata wapi?

Bi Raskazone (Tanga)

Blenda haitaharibu ukiitumia kwa mpangilio ule ule: mchaichai uliokatwa mwembamba kwanza, vitunguu mwisho. Tatizo la blenda inadai maji ndipo izunguke, na maji yanaifanya kroeung ichemke badala ya kukaangika. Tia tui zito badala ya maji. Ila nunua kinu cha jiwe, Muscat vipo kwenye maduka ya Wahindi.

Tui la kopo linafaa, chukua lisilo na sukari na usilitikise kopo. Ule mgando wa juu ndio tui zito, la chini ni jepesi. Ukiwa Wete usiguse kopo. Kuna nazi, mbuzi na kifumbu, kamua tui la kwanza bila maji mengi, utapata amok nzuri kuliko tuliyoipika darasani, maana wao walitumia la pakiti.

Mchaichai Pemba upo, manjano mabichi yapo, majani ya mgomba yapo. Khulinjani uliza kwa wauza dawa za asili, lakini watakupa kavu. Iloweke usiku kucha kwanza, na upunguze kiasi kwa kuwa kavu ni kali zaidi. Majani ya nhor yana uchungu kidogo, badala yake weka mchicha uliokomaa. Ndimu yenyewe haina mbadala kamili. Majani yake Muscat tafuta kwenye maduka yanayouza vitu vya Thailand, mara nyingi yanakuwa kwenye friza, nunua pakiti kadhaa maana hayaharibiki haraka. Ukikosa kabisa, kwangua ganda la ndimu ya kawaida, juu juu tu bila ule weupe, utie na jani changa la mlimau.

Kutoka huko leta pilipili manga ya Kampot, mkoa wa kusini mwa Kambodia, yenye muhuri wa asili yake, Ulaya waliitambua rasmi 2016, na pima bei kwenye maduka mawili matatu kabla ya kununua. Prahok usiibebe kwenye begi la nguo. Ukiitaka kwenye mchuzi wako wa nyumbani, saga dagaa wa chumvi na mchuzi wa samaki kidogo. Utapata ladha ya karibu.