Ukumbi wa harusi Mtwara, na mimi niko Leicester

Dada wa Leicester:

Assalaam aleikum ndugu zangu wa kusini, shikamooni wakubwa. Mdogo wangu wa kiume anaoa Mtwara mwezi wa nane, na kwenye kamati mimi ndiye nimepewa ukumbi. Wageni kama 300. Nimetumiwa picha za sehemu moja Shangani, ufukweni, panapendeza kweli. Ila mwenyewe anataka nusu ya hela wiki hii kwenye namba yake ya simu, na bei kaniandikia kwa dola. Likizo sipati mpaka wiki ya harusi yenyewe. Mlioendesha shughuli za nyumbani mkiwa huku, mlifanyaje?

Kaka wa Minneapolis:

Waaleikum salaam, marahaba dada, na hongereni kwa kupata mkwe.

Nianze na hiyo dola. Tangu Machi 2025 zipo kanuni za serikali zinazokataza kutoza bidhaa na huduma za ndani kwa fedha za kigeni. Mwambie akupe bei ya shilingi, kistaarabu tu, bila kugombana. Na kuanzia sasa anayeulizia bei asiwe wewe. Wakiona namba ya Uingereza, bei inapanda ndege. Aulizie mtu wa Chikongola au Magomeni, aulize kama mwenyeji mwenye shughuli yake.

Picha zisahau kwanza. Hizo ni kazi ya mpambaji: vitambaa, taa na maua, ukumbi wenyewe umefichwa nyuma yake. Omba upigiwe simu ya video mchana, ukumbi ukiwa mtupu. Anayeshika simu aanze barabarani, aingie getini, apite vyooni afungue mabomba, aende nyuma kunakopikiwa, arudi ndani awashe feni zote ukiwa unaangalia ngapi zinazunguka. Video ya kurekodi usiikubali, kwa sababu pabaya pote panakatwa.

Sasa, nani wa kumtuma. Kawaida yetu tunamtuma shangazi, naye anarudi na neno moja tu, "pazuri". Shangazi kaenda kwa macho ya mgeni mwalikwa. Mimi nakushauri umtume mpishi, yule yule utakayempa kazi ya pilau la watu 300. Mpishi hana habari na dari. Atauliza maji yanatoka bombani au yanaletwa na boza, kuni zinaruhusiwa au mkaa tu, moshi ukitoka unaelekea wapi, na gari la masufuria linafika mpaka nyuma au watabeba kichwani. Mtu wa muziki naye atakuulizia umeme: ukikatika, jenereta ni la nani, mafuta anaweka nani, na linabeba spika na feni kwa pamoja au linawasha taa tu? Hawa wameshafanya kazi karibu kumbi zote za mji. Wanajua nani anarudisha dipoziti na nani kila shughuli ikiisha lazima "kiti kimevunjika". Mpe mpishi nauli ya bodaboda na hela ya chai, aende Jumamosi usiku kukiwa na harusi ya watu, asimame pembeni aone. Na abaki mpaka muziki unazimwa, ujue saa yake ya kweli.

Kuhusu ufukweni. Mwezi wa nane bado ni kusi, na upepo wa kusi hauna adabu na mapambo. Nimewahi kuona pazia zima la nyuma ya maharusi linaondoka na fremu zake, wapambe wawili wamelining'inia. Muulize mpambaji kama anafunga kwa vyuma au kwa mchanga na kamba. Halafu angalia mwezi. Jumamosi yenu ikiangukia karibu na mwezi mpevu au mwandamo, hiyo ni bamvua, bahari inajaa na kupwa kuliko kawaida, na kwetu siku za bamvua maji hujaa alasiri, kuanzia kama saa kumi. Ndiyo saa hasa maharusi wanapotaka kupiga picha mchangani, na mchanga wenyewe hautakuwepo. Yakiwa maji mafu, yaani yasiyojaa sana, hamna shida.

Msimu mmechagua vizuri, mvua zimeisha na korosho bado. Minada ikianza Oktoba kila mwenye binti anaozesha, na Jumamosi huzipati. Ubaya wake ni kwamba mwezi wa nane mkulima hana kitu mfukoni, kwa hiyo michango ya upande wa nyumbani itasuasua. Jiandaeni huko mliko.

Hela: usitume nusu. Tuma kidogo cha kushika tarehe, iende kwenye lipa namba au akaunti yenye jina la biashara, jina lile lile lililo kwenye leseni ya halmashauri, na udai risiti ya EFD, ile ya mashine ya kodi. Kama ukumbi ni wa taasisi ya serikali, malipo yanakwenda kwa kontroo namba, namba ya malipo ya serikali. Akitokea mtumishi anakwambia tuma kwangu nitakulipia, achana naye. Mkataba hata ukurasa mmoja unatosha, mradi useme mpambaji anaingia saa ngapi, mpishi na vinywaji vya nje vinaruhusiwa au vina tozo, na ukitokea msiba tarehe inahamishwa vipi. Hilo la msiba watu wanaona aibu kuliandika. Liandikeni.

Mama wa Maskati:

Mwanangu wa Minneapolis, umesema vyema, lakini mpishi naye ni mfanyabiashara. Akiwa na mazoea na ukumbi fulani, hapo pana chake. Mtume mpishi na mtu wa muziki kila mmoja kwa siku yake, wasijuane, halafu ulinganishe maneno.

Na kwani lazima ukumbi? Sisi watani zenu wa Lindi juzi juzi tumeozesha kwa maturubai, kwenye uwanja karibu na nyumbani. Tulipata kibali serikali ya mtaa, majirani wakaambiwa mapema, sinia zikatoka jikoni kwetu. Hela ya ukumbi ikaingia kwenye nyama. Vijana walinuna siku mbili, kisha wakacheza mpaka usiku.

Jambo la pili ni wageni wa Dar. Ndege ya Mtwara ni kama saa moja, lakini wengi watakuja na basi, safari ya zaidi ya kilomita 550. Mwezi wa nane barabara haina wasiwasi. Harusi za masika ndizo za kuogopa. Mei 2024 mafuriko yaliikata barabara pale Somanga, na wa huku na wa kule wakabaki wanatazamana. Ila vyumba washikie mapema, hata Mikindani, ni karibu tu na mjini.

Dada wa Leicester:

Shikamoo mama, na ahsante kaka. Nimemtuma mpishi wa Rahaleo, aliyepika arobaini ya bibi yetu. Bei ya shilingi imekuja na imeshuka sana, nikacheka peke yangu. Maji yapo, tangi kubwa. Jenereta ni la kukodi kwa jirani. Tatizo ni kwamba mwenye ukumbi hataki mpishi wa nje kabisa, anasema chakula ni chake, kwa kichwa.

Kaka wa Minneapolis:

Piga hesabu ya vichwa 300 kwa bei yake, weka pembeni hesabu ya mpishi wako, kisha mwambie mtamlipa tozo ya jiko apishe. Akikataa, ulizia kumbi za mjini zisizo za hoteli, nyingi hazina jiko lake na mpishi wa nje huko ni kawaida. Ufukweni mwende kupiga picha tu. Tarehe ni ngapi hasa, nikuangalizie mwezi?

Dada wa Leicester:

Bado wazee wanabishana, Jumamosi ya pili au ya tatu. Nikipata jibu usiku huu nakuandikia, na jina la mwenye jenereta nimeshamuagiza mpishi aniulizie.