Naombeni ushauri: jina Tariq maana yake hasa ni ipi?

Habari zenu wakuu, shikamooni wakubwa. Mke wangu anakaribia kujifungua, mtoto ni wa kiume, na mi moyo wangu uko kwenye jina Tariq tangu zamani, sa tatizo ni maana. Mjomba wangu anasema ni "njia", kwamba ndo hilohilo neno la tarika, zile njia za ibada za Masufi. Nikaenda kwenye kamusi ya Kiarabu nikakuta njia ni tariiq, ile i ndo inavutwa, ila jina ni Taariq, inavutwa a, na linatoka kwenye taraqa yaani kugonga, hata nyundo kwao ni mitraqa. Kwahiyo Tariq ni mgongaji, au anayekuja usiku maana anakuta milango imefungwa inabidi abishe hodi. Halafu sura ya 86 kwenye Qur'an inaitwa At-Tariq na pale inaelezwa ni nyota yenye mwanga mkali, hapo ndo nililipenda zaidi kwa kweli. Kuna na Tariq ibn Ziyad, jemadari wa Waislamu aliyevuka bahari kuingia Hispania mwaka 711, hata jina la Gibraltar, ule mwamba wa kusini mwa Hispania, limetokana na Jabal Tariq, mlima wa Tariq.

Naomba wanaojua Kiarabu vizuri mnisaidie mawili: mtu akisikia jina hili anaelewa nyota au mgeni wa usiku? Na kwenye cheti niandike Tariq, Tarik au Twariq ili watu wasilisome kama njia? Natanguliza shukrani.